Mchanga wa Turkwel

Jumatano, 7 Februari 2024. Kalemng'orok

Sampuli ya kwanza ya msimu huu imetoka katika laga, mto wa msimu, iliyo mashariki mwa barabara ya Lodwar, pale wanawake wanapoosha dhahabu. Mchanga wa kahawia iliyopauka, punje zenye pembe kali, ulanga mwingi unaometa ukiugeuza juani. Ndivyo nilivyotarajia. Tambarare hii imekaa juu ya miamba mikongwe, naisi na shisti zilizopikwa chini ya ardhi mamia ya mamilioni ya miaka iliyopita, na laga zenyewe ni fupi, kwa hiyo mchanga haujasafiri kiasi cha kulainika pembe.

Nimekaa na wale kina mama karibu asubuhi nzima. Wamechimba kisima katikati ya laga, wanachota maji kwa debe la plastiki lililokatwa, wanayamimina kwenye karai, wanazungusha. Mchanga mwepesi unatoka na maji. Mwisho unabaki mstari mweusi chini ya karai, na ndani ya mstari huo, siku ya bahati, chembe ya manjano. Mstari mweusi hutupwa. Niliomba nipewe mimi. "Huo ni uchafu, mama," akaniambia mkubwa wao, "dhahabu haimo, tumeshatazama." Nikamwambia nautaka huo uchafu. Alinimiminia kwenye kitambaa bila kuuliza tena, lakini nilipotoa sumaku na punje zikairukia, wote walisogea kutazama, na binti yake hakuiachia sumaku ile mpaka nilipoaga.

Magnetiti kwa wingi, ganeti nyekundu, na punje za kijani iliyokoza ambazo sitazipa jina mpaka nizione kwa hadubini. Kazi hii ya karai mimi nilifundishwa Uingereza kwa kemikali. Unasaga kigae cha chungu, unautia unga wake katika kioevu kizito kiitwacho bromofomu, kwatsi inaelea, madini mazito yanazama. Ni sumu, huwezi kuifanya bila feni ya kuvuta hewa. David Williams alitumia njia hiyo miaka ya 1970 kwa vyungu vyeusi vya zama za Warumi vilivyotapakaa Uingereza. Alikuta tumalini nyingi kupita kawaida, na tumalini ikamwongoza hadi pwani ya Dorset, karibu na bandari ya Poole. Kumbe askari waliolinda ukuta wa Hadrian, kaskazini kabisa, walikuwa wakipikia vyungu vilivyofinyangwa kusini kabisa. Chungu chenyewe hakikuwa na jina wala muhuri. Mchanga ndio uliosema.

Wanawake wa laga hii wanatenganisha madini kwa kifundo cha mkono na maji ya kisima cha mchanga, na macho yao yanaona tofauti za rangi ambazo mwanafunzi wa chuo huzikosa. Nimeandika mahali walipochimba na kina walichofikia. Sampuli yao ni bora kuliko yangu.

Ijumaa, 9 Februari. Kalemng'orok

Upepo wa usiku umefagia vumbi, na vigae vimelala wazi kwenye mwinuko wa changarawe upande wa Katilu. Vinene, vyekundu nje na vyeusi katikati, viwili vikiwa na mistari ya kina, sambamba, iliyochongwa udongo ukiwa bado mbichi. Nimevipiga picha, nimepima mahali, nimeviacha. Kibali changu ni cha kutembea, kupima, na kuchukua mchanga na udongo. Kigae cha kale hakiondoki kilipo mpaka uchimbaji rasmi ufanyike, na ndivyo inavyopaswa kuwa.

Lawrence Robbins wa Chuo Kikuu cha Michigan State alikuta vigae vya mistari ya kina kando ya mto Turkwel, Lopoy na kwingineko, katika utafiti wake wa miaka ya 1960 na 1970, na mapokeo hayo ya ufinyanzi yakapewa jina la mto huo. Mwaka 1979 yeye na Mark Lynch waliandika kwamba wenye vyungu hivyo huenda walisema lugha ya Waniloti wa Mashariki. Mimi swali langu ni dogo kuliko lugha. Nataka kujua vilifinyangwa wapi.

Hapa jiolojia ni rafiki wa kweli. Turkwel unaanzia Mlima Elgon ukiitwa Suam. Elgon ni volkeno iliyokufa, kongwe kuliko Kilimanjaro, na lava yake ni ya aina adimu yenye nefelini na augiti. Mto ukishuka unakusanya vifusi vya miamba ya kale ya Karasuk na Cherang'ani, ndipo unaingia tambarare hii. Kerio, upande wa mashariki, unatoka ukingo wa Elgeyo na vilima vya Tugen, kwenye fonoliti na basalti. Mito miwili inaelekea ziwa moja, kila mmoja na mchanga wake, na laga fupi za hapa katikati zinatoa kwatsi, feldispa na ulanga, kwa kadiri nilivyoona. Kwa hiyo chungu kilichofinyangwa Lopoy kwa mchanga wa Turkwel na chungu kilicholetwa kutoka Kerio vinaweza kufanana umbo na nakshi, visifanane ndani.

Kikwazo ni bwawa. Tangu bwawa la Turkwel Gorge likamilike mwaka 1991, ukuta wa mita 153, mchanga unaotoka juu unatuama nyuma yake. Anayechota mchanga mtoni leo, chini ya bwawa, anachota mto ambao mfinyanzi wa kale hakuujua. Sina budi kutafuta matuta ya zamani, yale yaliyojengwa na mafuriko kabla ya ukuta kuwapo.

Jioni alikuja mzee mmoja wa kijiji. Tulikunywa chai ya rangi, akauliza habari za safari, za watoto, za mvua ya huko kwetu pwani. Kisha akauliza alichokuja kuuliza: vyungu hivi ni vya nani? Hakuzunguka. Wapokot wa upande wa pili wanadai malisho mpaka huku, vijana wanakufa kwa ajili ya ng'ombe na mbuzi, na kama vyungu ni vya babu zetu, basi niandike hivyo na serikali isome. Nilimwambia mchanga utanionyesha chungu kilifinyangwa wapi, lakini hautanipa jina la aliyekifinyanga. Akatikisa kichwa. "Binti yangu, aliyefinyanga hapa ndiye mwenye hapa."

Sikuwa na jibu la kumpa usiku ule ule. Ninaliandika swali lake hapa kwa sababu ni swali zuri kuliko yote niliyoulizwa kwenye mikutano ya wataalamu.

Jumapili, 11 Februari. Kalemng'orok

Joto limewahi. Nimekaa chini ya mgunga na daftari, kwa sababu mwalimu wa hapa ameniomba nizungumze na wanafunzi Ijumaa, na sijui nianzie wapi. Huenda nianzie kwa David Peacock.

Alizaliwa 1939, akasomea jiolojia Chuo Kikuu cha St Andrews huko Uskoti, kisha akageukia vyungu, na kuanzia 1968 akawa Southampton. Wanaakiolojia wengi wakati huo walipanga vyungu kwa umbo na nakshi. Peacock alikata kigae vile mwanajiolojia anavyokata jiwe: kipande kinagandishwa kwenye kioo, kinasuguliwa mpaka kibaki na unene wa milimita 0.03, na mwanga unapita ndani yake. Chini ya hadubini yenye vichujio viwili vya mwanga, kwatsi inakuwa ya kijivu, feldispa inaonyesha milia, ulanga unawaka rangi. Mwaka 1969 alionyesha kwamba vyungu vya wakulima wa kwanza wa Cornwall, vilivyookotwa mahali pengi kusini magharibi mwa Uingereza, vilikuwa na udongo uliotokana na gabro, na gabro hiyo iko katika rasi ya Lizard. Wale watu wa zama za mawe walikuwa wakisafirisha vyungu vyenyewe, mbali, kwa mkono au kwa mtumbwi.

Kisha amfora, ile mitungi mirefu ya Warumi ya divai, mafuta ya zeituni na mchuzi wa samaki. Baadhi yake ina punje nyeusi za augiti, mchanga wa volkeno wa ghuba ya Napoli, jirani na Vesuvius. Ukiona kigae cha namna hiyo Uingereza au Uhindi, unajua udongo wake ulichimbwa wapi. Ni kwenye mitungi hiyo nilikojifunzia kazi. Ujana wangu wa utafiti ulipita na divai ya Campania na mafuta ya Hispania. Niliipenda mitungi ile na bado naipenda, uzito wake mkononi, harufu ya vumbi lake msumeno unapoigusa.

Wenzangu huuliza: kama ni Warumi, kwa nini hukubaki pwani kwenu? Ni swali la haki. Baharia aliyeandika mwongozo wa safari uitwao Periplus katika karne ya 1 alizitaja bandari zetu mpaka Rhapta. Neville Chittick alikuta vigae vya Kirumi Ras Hafun, Somalia, mwaka 1975. Abdurahman Juma alichapisha mwaka 1996 vigae vya mwishoni mwa zama za Warumi kutoka Unguja Ukuu, vya karne ya 5 na ya 6. Vigae hivyo vinastahili kila jicho vilivyopewa. Lakini nimeona mara nyingi jinsi kigae kimoja cha Mediterania kinavyoandikiwa makala, na vigae vya wenyeji vilivyokizunguka vinavyofungwa kwenye sanduku kwa maneno mawili: ufinyanzi wa kienyeji. Wale waliopika, waliokula na kuwapikia hao mabaharia wako ndani ya sanduku hilo.

Hilo ndilo lililonileta Turkwel. Mrumi aliacha mihuri ya wafinyanzi, na kwenye mitungi ya mafuta aliandika uzito kwa wino. Hadubini kwake ni shahidi wa pili. Huku hakuna wino wala muhuri. Ukiuondoa udongo wenyewe, ushahidi umepungua nusu, na katika milenia ile ile ambayo kigae cha Unguja Ukuu kilivunjika, kuna mtu kando ya mto huu aliyechora mistari sambamba kwenye udongo mbichi kwa uangalifu mkubwa. Naye anastahili milimita 0.03 zake.

Jumatatu, 12 Februari

Hatukwenda Katilu kutafuta matuta. Milio ya risasi imesikika alfajiri upande wa Kainuk, na dereva amekataa, naye ana haki. Askari wa akiba wamepita kwa miguu wakielekea kusini. Nimekausha sampuli, nimechekecha, nimeandika lebo.

Jumatano, 14 Februari. Katilu

Tumefika. Mto una maji, migomba ni ya kijani, na baada ya vumbi la Kalemng'orok macho yanauma kwa rangi. Mashamba ya umwagiliaji yako chini, mtama na mahindi. Kabla ya mifereji ya serikali, Wangikebootok walikuwa wakilima mtama kwenye kingo hizi kwa kufuata mafuriko, jambo ambalo wageni husahau wanapowataja Waturkana kuwa wafugaji na basi.

Tuta la zamani nimelipata, limekatwa wima na maji, juu zaidi ya mto wa leo. Tabaka la mchanga mnene, tabaka la tope jembamba, tena mchanga. Nimechukua kila tabaka peke yake kutoka chini kwenda juu. Kwenye tabaka la pili kutoka chini kuna punje nyeusi, fupi, zenye mng'ao wa kioo. Moyo ulinidunda. Naamini ni augiti, na kama ni augiti, basi Elgon imo ndani ya tuta hili.

Udongo wa mfinyanzi pia: mwenyeji wetu, bibi mwenye umri mkubwa, alinipeleka kwenye ukingo ambapo wanachota udongo wa kukandika kuta. Nikamuuliza habari za vyungu. Alisema alipoolewa, mama mkwe wake alikuwa na viwili vya kupikia, vilivyopatikana kwa kubadilishana na mbuzi. Na nani? Akainua mkono kuelekea milimani, kusini. "Wakati huo tulikuwa tunabadilishana nao." Hakusema zaidi, nami sikumsukuma. Maziwa yalikaa kwenye vyombo vya mti, mafuta kwenye vyombo vya mti na ngozi. Chungu kilikuwa cha nyama na cha mtama. Sufuria zilipokuja, viwili vile vilipasuka na hakuna aliyetafuta vingine.

Kuna kauli ya zamani vitabuni kwamba mfugaji anayehama hana haja ya chungu kwa kuwa kitavunjika njiani. Katherine Grillo alikaa na Wasamburu akaona kinyume: vyungu vilihama pamoja na watu, na kazi moja kubwa ya vyungu hivyo ilikuwa kuchemsha nyama na mifupa ili mafuta yasipotee. Baadaye, mwaka 2020, yeye na wenzake walichapisha uchunguzi wa mafuta yaliyonywewa na kuta za vigae vya wafugaji wa kale wa Afrika Mashariki, wakakuta dalili za maziwa, nyama na mimea. Peacock naye aliandika kitabu kizima mwaka 1982 akitumia wafinyanzi walio hai kuelewa wafinyanzi wa Kirumi. Bibi wa Katilu angekuwa mwalimu wao wote wawili. Chungu cha mama mkwe wake, kama kigae chake kingepatikana, kingekuwa na mchanga wa milimani ndani ya nyumba ya mtoni, na sababu yake ingekuwa mbuzi na ujirani.

Ijumaa, 16 Februari. Kalemng'orok

Darasa lilijaa mpaka madirishani. Niliwapa karatasi tatu zenye mchanga, wa laga yao, wa Katilu, na wa pwani niliokuja nao, wenye vipande vya kombe. Nikasema: mmoja wenu ameleta chungu chenye mchanga huu wa tatu na anadai kakifinyanga hapa. Je, mnamwamini? Walipiga kelele kwa pamoja kwamba anadanganya. Kijana wa nyuma akanyoosha mkono. "Mwalimu, labda amekuja na mchanga wake, kama wewe." Nimefikiria jibu hilo mchana kutwa. Wafinyanzi huchota udongo wao karibu, kwa sababu udongo ni mzito na safari ni ghali kwa mgongo wa mtu. Hiyo ni kanuni ya kawaida, si sheria, na kijana yule ameliona pengo lake papo hapo.

Kisha msichana wa mstari wa mbele: "Mtu aliyefinyanga alikuwa Mturkana?"

Nilijua litakuja. Niliwaambia wanachosimulia wazee wao wenyewe, ambacho mwanahistoria John Lamphear alikikusanya: habari za Nayece, bibi aliyechuma matunda ya porini, za ng'ombe aliyepotea na vijana waliomfuata, za kilima cha Moru Anayeche na bonde la juu la mto Tarach. Kwa hesabu ya Lamphear, Waturkana walikuwa huko yapata miaka 300 iliyopita, ndipo wakaenea mashariki na kusini. Vyungu vya mistari ni vya kale zaidi ya hapo. Aliyefinyanga anaweza kuwa babu wa baadhi yenu kwa njia ya ndoa, na babu wa Wapokot kwa njia ya ndoa, na babu wa watu ambao leo wako mbali na hawajui. Walinyamaza, wakanisikiliza vizuri. Mwalimu mkuu alinishukuru na kuniuliza pembeni kama nitaandika hivyo kwenye ripoti. Nitaandika.

Jumatatu, 19 Februari. Lodwar

Nimelala hoteli yenye maji. Kutoka Lokichar mpaka hapa nilihesabu njia mpya zinazochepuka kuelekea visima, zilizochongwa tangu mafuta yalipopatikana Ngamia-1 mwaka 2012. Tingatinga halioni kigae.

Wilaya hii ya zamani, sasa kaunti, dunia inaijua kwa mifupa. Kamoya Kimeu aliona kipande cha fuvu Nariokotome mwaka 1984, na mvulana wa Turkana, mwenye umri wa miaka milioni moja na nusu hivi, akaingia vitabu vyote vya shule. Ni fahari yangu kama ya Mkenya yeyote. Hata miaka 5,000 ina watetezi wake: Elisabeth Hildebrand na wenzake walionyesha mwaka 2018 kwamba wafugaji wa kwanza wa Lothagam Kaskazini walijenga jukwaa la mawe na kuzika ndani yake watu wasiopungua 580, pamoja na vyungu vya Nderit vilivyonakshiwa ndani na nje. Lakini ukiteremka kuelekea miaka 1,500, 1,000, 500 iliyopita, taa zinapungua. Naona hatari hapo. Kipindi ambacho watu hawakijui ndicho wanasiasa wanachojaza wapendavyo.

Alhamisi, 22 Februari. Kakuma

Nilikuja kuangalia mchanga wa Tarach, nikakuta zaidi.

Kambi imekuwapo tangu 1992, na kuna watu wazima waliozaliwa na kulelewa humu. Kwenye eneo la watu wa Sudan Kusini nilionyeshwa mama anayefinyanga. Anatoka upande wa Torit. Anakaa chini, anaanza na kitako, anaongeza mikunjo ya udongo, anakwangua kwa kipande cha kibuyu, anapiga chapa shingoni kwa kamba iliyosokotwa, akiviringisha kwa kidole kimoja. Alijifunza kwa shangazi yake, kabla ya vita. Chungu chake kingewekwa Torit kingekuwa kimefika nyumbani. Lakini udongo ni wa hapa, kauchota kwenye ukingo wa Tarach, na mchanga aliouchanganya ni wa Tarach. "Mwaka wa kwanza vyote vilipasuka," akaniambia kwa Kiarabu cha Juba, jirani yake akitafsiri. "Udongo huu ni mgeni. Nikapunguza maji, nikaongeza mchanga, ukakubali." Kuni ni shida hapa na ni chanzo cha ugomvi na wenyeji, kwa hiyo anachomea kinyesi cha punda na mbuzi, usiku, upepo ukitulia.

Wateja wake? Wasudan, Waethiopia wanaotaka chombo cha kukaangia kahawa, na wanawake wa Kiturkana wanaonunua mitungi ya kupozea maji. Alinipa kipande cha mtungi uliopasuka, na nikalipia mtungi mzima kwa haki.

Nimekaa na kipande hicho mkononi mpaka jenereta ikazimwa. Miaka 1,000 ijayo mwanaakiolojia atakiokota ndani ya boma la Kiturkana. Nakshi itamwambia Torit. Mchanga utamwambia Tarach. Boma litamwambia Turkana. Vyote vitatu ni kweli. Umbo linaonyesha mkono ulifundishwa wapi, mchanga unaonyesha mtu alisimama wapi siku ile, na mahali kilipovunjikia panaonyesha nani alikihitaji. Akisema ardhi ya Kakuma ilikuwa ya watu wa Torit, atakosea. Akisema hapakuwa na mtu wa Torit, atakosea zaidi, na atakuwa amemfuta mwanamke huyu.

Hili ndilo jibu la mzee wa Kalemng'orok. Aliyefinyanga hapa, alikuwa hapa. Mchanga unaweza kuthibitisha hilo na hauwezi kuthibitisha zaidi ya hilo.

Jumanne, 19 Machi. Nairobi

Vipande vya kwanza vimetoka maabara. Cha Kakuma: punje za mawe ya volkeno, laini, zenye vijiti vya feldispa ndani yake, nadhani kutoka upande wa vilima vya Pelekech, pamoja na kwatsi ya mto. Udongo umeshikana vizuri, nyufa chache, zote zikifuata mikunjo aliyoipanga kwa vidole. Nimeziona alama za mikono yake ndani ya ukuta wa chungu, mahali ambapo jicho la kawaida haliingii.

Kisha tuta la Katilu. Nilifinyanga vijitofali kutoka kila tabaka, nikavichoma nyuzi 700, nikavikata. Tabaka la pili kutoka chini ni augiti, haina shaka, kijani iliyofifia, mipasuko miwili ikikutana karibu pembe mraba. Nefelini sikuiona. Madini hayo huoza haraka na safari kutoka Elgon ni ndefu. Augiti imevumilia. Mchanga wa laga ya Kalemng'orok hauna hata punje moja yake. Kwa hiyo mizani ninayo, mto upande mmoja na laga upande wa pili, na sampuli za Kerio zitafuata barabara ikifunguka.

Alhamisi, 21 Machi. Nairobi

Idhini ya kukata vigae vya Turkwel vilivyohifadhiwa imetoka. Kazi itaanza baada ya Pasaka. Kabla sijaweka hata kimoja chini ya hadubini, nimeandika aya ya mwisho ya ripoti, ili matokeo yasije yakanishawishi, wala mtu yeyote asije akanishawishi:

Utafiti huu unaonyesha mahali udongo na mchanga wa kila chungu ulipochotwa. Hauonyeshi kabila la mfinyanzi wala lugha yake, na hauwezi kutumiwa kama ushahidi wa umiliki wa ardhi au malisho wa jamii yoyote iliyopo leo. Vyungu vilibadilishwa kwa mifugo na nafaka, na wafinyanzi walioa, waliolewa na kuhama.

Nimeiandika kwa Kiswahili kwanza. Mwalimu wa Kalemng'orok amekubali kuipitia na kuiweka kwa Kiturkana, na natafuta atakayeiweka kwa Kipokot. Nimemwambia pia kwamba sitaisoma kijijini kwake peke yake. Nitaomba baraza lifanyike Kainuk, pande zote mbili ziwepo, wasikie sentensi zile zile siku ile ile. Alikaa kimya kwenye simu, kisha akasema mzee yule atakuja, na atauliza tena.

Mvua ikinyesha Aprili, wanafunzi wake watachota mchanga wa laga maji yakishapungua, na kuutuma kwa basi la Kitale. Nimeshatuma mifuko na kalamu za lebo.